Mkate Mwepesi wa Ndizi Kavu na Viungo

Mtu ashukaye kwa barabara ya kutoka Amani kwenda Muheza wakati ndizi zikomaapo kwa wingi ataona mikungu imelazwa kando ya njia ikimngoja mchuuzi. Mchuuzi akichelewa siku mbili tu, ndizi zote zimekwisha kuiva pamoja, na bei huwa ni ile aipendayo yeye. Zilizobaki hupewa mbuzi. Kesho yake asubuhi nyumba ile ile iliyowalisha mbuzi ndizi humtuma mtoto dukani kununua mkate wa chai, mweupe, usio na ladha, uliopikwa mjini siku kadha zilizopita. Jambo hili limenisumbua miaka mingi. Milima ile ina iliki, mdalasini, karafuu na pilipili manga. Wajerumani walipoanzisha kituo cha utafiti pale Amani mwaka 1902, miti ya viungo ilikuwa miongoni mwa mimea iliyojaribiwa huko, na hata leo wakulima wadogo huuza viungo vyao. Lakini viungo hivyo hupita mbele ya meko yetu vikienda safari ya mbali.

Basi nilimshauri mama mmoja, mjane mwenye shamba la ekari mbili, apike mkate wa ndizi kavu na viungo akauuze siku ya gulio. Nilimwambia maneno ambayo najuta kuyasema: "Mama, usifanye choyo, tia matunda tele, wanunuzi wapate kuupenda." Akatoa fedha alizokuwa ameziweka kwa ajili ya sare za shule za watoto wawili, akanunua kilo 10 za unga wa ngano, sukari na hamira. Siku ya gulio ilipofika, mikate ilitoka kama matofali: nje imeungua, ndani mibichi, na matunda yote yamezama chini. Watu watatu walinunua, wawili wakairudisha. Nilipofika jioni nilimkuta ameifunika kwa kanga ili wapitao njiani wasiione. Aliniambia tu, "Bwana Shamba, nimefuata ulivyosema." Sikuwa na jawabu. Kilo 4 za unga zilikuwa zimebaki, nami nikaona yanipasa kulijua jambo hili barabara kabla hazijakwisha.

Yafaa kwanza kufahamu sababu ya mkate kuumuka. Ndani ya unga wa ngano mna kitu kinatacho, ambacho wataalamu hukiita gluteni. Unga ukilowa na kukandwa, kitu hicho hufanya utando mwororo uvutikao kama mpira. Hamira nayo ni viumbe hai vidogo sana, visivyoonekana kwa macho, ambavyo hula sukari na kutoa hewa. Hewa hiyo hunaswa na utando, na donge huvimba. Unga wa muhogo na wa mahindi hauna utando huo. Ndiyo maana mtu achanganyaye nusu kwa nusu ili abane matumizi hupata mkate mzito, ijapokuwa atatia hamira maradufu. Akitaka kuchanganya muhogo, asizidishe sehemu moja kwa sehemu tisa za ngano.

Mkate wa matunda na viungo una maadui wengi kuliko mkate wa kawaida. Matunda ni mazito, nayo huupasua ule utando. Tena yakiwa makavu hunywa maji ya donge, na mkate hukauka kabla ya wakati wake. Sukari ikizidi huichelewesha hamira, na chumvi kadhalika. Mafuta yakitiwa mapema huuzuia unga usishikamane vema. Lakini adui aliyenistaajabisha ni mdalasini wenyewe. Mafuta yaliyomo katika gome lake hudhoofisha hamira, na nguvu hiyo hiyo ndiyo izuiayo baadhi ya ukungu usiote katika vyakula. Mama yule alikuwa ametia mdalasini vijiko vinne katika kila donge, tena mwanzoni kabisa, pamoja na hamira. Hamira yake ilikuwa nzima alipoinunua. Sisi ndio tulioidhoofisha.

Tukaanza upya na zile kilo 4, gramu 500 kwa kila mkate, yaani mikate minane. Wa kwanza ulikuwa na matunda machache na viungo vichache, ukaumuka vizuri, lakini tuliuunguza kwa moto. Katika wa pili nilitia vipande vya nanasi bichi, kwa kuwa lilikuwapo na lilinukia vizuri. Donge lile halikuumuka kamwe. Lililainika, likanata mikononi, likawa kama uji. Mama akanitazama, akasema, "Bwana Shamba, papai bichi tunalipaka nyama ngumu ili ilainike. Labda na nanasi ni hivyo hivyo." Naye alisema kweli. Nanasi bichi na papai bichi vina vitu vivunjavyo nguvu ya nyama, na ule utando wa ngano ni wa jamii hiyo hiyo. Kuanika juani hakutoshi kuvimaliza vitu hivyo. Atakaye kutia nanasi au papai, hapana budi alichemshe kwanza dakika 5, kisha alichuje. Ndizi hazina tabu hii, wala zabibu kavu za dukani.

Ndizi za kukausha ziwe zimeiva sana, lakini zisiwe zimeoza. Zimenye, uzipasue kwa urefu, uzipange juu ya chanja iliyoinuliwa kutoka ardhini, na kuzifunika kwa kitambaa chepesi ili nzi wasizifikie. Jioni ziingize ndani, maana umande wa milimani huharibu kazi ya mchana kutwa. Jua likiwa kali, siku tatu au nne zaweza kutosha. Wakati wa mvua usijaribu. Zikikauka huwa kama ngozi laini, na ukizibana hazitoi maji. Zitie katika kopo lifungikalo vema, pahali pakavu.

Vipimo vya mkate mmoja ni hivi. Unga mweupe wa ngano gramu 500. Hamira kavu vijiko viwili vidogo. Sukari vijiko vitatu vikubwa, chumvi kijiko kimoja kidogo, samli vijiko vitatu vikubwa, na yai moja. Maziwa kikombe kimoja cha robo lita, na mengine kidogo yakae kando. Ndizi kavu gramu 150, nawe usizidishe, hata mtu akikushauri, awe ni Bwana Shamba. Mdalasini uliosagwa kijiko kimoja kidogo, iliki sita, zimenywe na kutwangwa, karafuu mbili, kungumanga iliyokunwa kidogo sana. Asiyekuwa na maziwa atumie tui la nazi jepesi, na samli aipunguze kijiko kimoja.

Usiku wa kuamkia kazi, kata ndizi vipande vidogo kama punje za maharagwe, uzimwagie chai ya rangi iliyo moto, uzifunike mpaka asubuhi. Zitakunywa maji yao huko, wala hazitayatafuta katika donge. Asubuhi zichuje na kuzipangusa kwa kitambaa, kisha uzinyunyizie unga kidogo.

Maziwa yachemke kwanza, kisha yapoe yawe vuguvugu. Yachemshwe, kwa kuwa maziwa mabichi huchukua magonjwa, tena huufanya mkate usipande sana. Ukidondosha tone juu ya kifundo cha mkono usione joto wala baridi, yafaa. Yakichoma yataiua hamira. Changanya maziwa hayo, hamira, kijiko kimoja cha sukari na nusu ya unga, bila viungo, bila samli, bila chumvi. Funika, uache muda wa dakika 40, au zaidi kidogo kukiwa na baridi. Uji huo utajaa mapovu kama sabuni. Hapo hamira imekwisha pata nguvu, nawe waweza kumletea adui zake bila hofu.

Sasa tia yai, chumvi, sukari iliyobaki, viungo na unga uliobaki. Kanda dakika 10, ndipo utie samli kidogo kidogo, na kukanda tena mpaka donge liache kunata na kuwa laini. Likiwa gumu, ongeza yale maziwa uliyoweka kando. Wengi wetu huogopa donge laini, huongeza unga kila linaponata, na hiyo ndiyo njia fupi ya kupata mkate mzito. Paka mafuta mikononi badala ya kuongeza unga. Chukua kipande uvute kwa vidole polepole: kikivutika chembamba hata ukaona mwanga nyuma yake bila kupasuka, kukanda kumetosha. Kama sivyo, endelea.

Lifunike donge liumuke mpaka liwe mara mbili. Pwani penye joto yaweza kuwa saa moja. Lushoto wakati wa baridi, saa mbili au zaidi. Kisha litandaze kwa mikono, nyunyiza ndizi juu yake, ulikunje kama jamvi, mara tatu au nne tu. Usilikande tena. Matunda yatiwapo baada ya donge kuumuka hukaa pahali pake wala hayazami. Litie katika sufuria iliyopakwa mafuta, lijae nusu yake, uache liumuke mara ya pili. Ukilibonyeza kwa kidole na shimo likarudi polepole, litie motoni. Likiruka upesi, ngoja. Lisiporudi kabisa, umechelewa.

Nyumba nyingi hazina jiko la kuokea, wala si lazima. Chukua sufuria kubwa, tia mawe madogo matatu ndani, funika, uipashe moto juu ya makaa. Kisha weka sufuria ya mkate juu ya mawe hayo, ufunike, na kupanga makaa juu ya kifuniko, kama wafanyavyo wenzetu wa pwani kwa mkate wa sinia. Makaa ya juu yawe mengi kuliko ya chini. Kupima moto, weka unga kidogo katika kifuniko cha kopo, ukitie ndani ya sufuria: ukigeuka rangi ya kahawia baada ya dakika kama 5, moto ni sawa, ukiwa mweusi upesi, punguza makaa ya chini. Hapo ndipo tulipouharibu ule mkate wa kwanza. Mkate huiva kwa dakika 45 hivi. Usifunue katika dakika 20 za mwanzo. Ukiutoa na kuugonga chini kwa kidole, utoe sauti ya kitu kilicho wazi ndani. Sauti nzito ni dalili ya ubichi.

Usiukate ungali moto, ijapokuwa watoto watalia. Mvuke uliomo bado unaipika nyama ya mkate, na kisu hukigandamiza kilichoumuka kwa tabu. Mkate huu hupata gramu 900 hivi, nao hukatika vipande 16. Ukifungwa katika kitambaa safi hudumu siku mbili au tatu. Baada ya hapo uchomwe kidogo juu ya makaa, ni mtamu kwa chai.

Katika ile mikate minane, miwili iliharibika mikononi mwetu. Sita ilikwenda gulioni, ikauzwa kwa vipande, na ilipofika saa sita mchana havikubaki. Fedha za sare hazikurudi zote siku ile; zilirudi baada ya magulio matatu, na mtoto mdogo alikwenda shule wiki mbili kwa shati la kaka yake. Mama yule hupika bado kila juma. Siku moja nilimwambia kwamba nanasi lililochemshwa halidhuru kitu, nami nimelijaribu nyumbani kwangu. Akacheka, akaniwekea kipande cha mkate wa ndizi katika sahani, wala hakunijibu.