Nilimlea miaka miwili, kisha nikamrudisha Mbale

WAFANYABIASHARA wenzangu mnaovuka Malaba na Busia mnanijua kwa marobota ya mitumba. Wachache wanajua kwamba kwa miaka miwili nyumbani kwangu Jinja niliishi na mtoto asiye wangu.

Aliletwa na afisa wa ustawi wa jamii baada ya mafuriko ya Mbale ya Julai 2022, mito ya Nabuyonga na Namatala ilipofurika. Alikuwa na miaka sita. Mama yake alisombwa na maji, na ndugu hawakuonekana. Mwongozo wa taifa wa mwaka 2012 unataka makao ya watoto yawe njia ya mwisho: kwanza ndugu, kisha familia ya kulea. Familia hiyo ilikuwa mimi.

Nilidhani kazi ni chakula na karo. Wiki ya kwanza nikakuta vipande vya chapati chini ya godoro. Mvua ikinyesha, alivaa viatu akakaa mlangoni. Nami nikifunga mzigo wa kwenda Malaba, alinyamaza kabisa. Siku moja akauliza: "Anti, ukienda, nani atajua niko hapa?"

Kwetu sisi safari ni riziki. Kwake ilikuwa mama kuondoka mara ya pili. Nikaanza kumwachia ufunguo wa nyumba, nikirudi nibishe hodi anifungulie yeye. Jirani aliyelala nao alinicheka, lakini mtoto akaanza kusema.

Binti yangu wa kuzaa alikuwa na lake. Aliniambia wazi kwamba yeye nakaripia, mgeni namwogopa. Alisema kweli.

Mwaka 2024, mwaka wa imbalu, bibi mzaa mama alirejea Mbale kutoka Kitale alikokuwa kwa mwanawe, akamtafuta mjukuu. "Mwanangu, umenitunzia, asante," aliniambia. "Lakini siku yake ya kutahiriwa, atasimama katika ua wa nani?" Sikuwa na jibu. Tangu mwanzo nilijua namlea ili arudi kwao, kujua hakukunisaidia.

Tulipanda teksi kupitia Iganga na Tirinyi, amelala mapajani pangu.

Afisa alikwenda Mbale mara mbili kumtazama. Kwetu Jinja hakuja mtu, na binti yangu, yule yule, ndiye aliyelia usiku akakataa chakula. Jumapili tunampigia bibi simu. Juzi mtoto aliuliza kama nimesharudi kutoka Malaba.