Bustani ya Chokaa

Hebu tufumbe macho, twende Lamu kwa mawazo. Tumo katika chumba cha ndani cha nyumba ya mawe ya karne ya 18. Tukinyosha mkono ukutani twagusa zidaka, vile vishubaka vya kuwekea vyombo. Matumbawe yalichomwa yakawa chokaa, na fundi akaichonga. Kidole chapita juu ya jani, chazunguka ua, chashuka kwenye kikonyo. Bustani kabisa! Lakini ni kavu, wala haina umande. Isaka naye, katika Mwanzo 27, alipapasa mikono ya Yakobo akadanganyika.

Sasa tuvuke hadi kisiwa cha Pate. Huko majumba ya fahari yalianguka. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir aliyalilia katika utenzi wake, Al-Inkishafi. Wenye mali waliopamba kuta hawapo, mapaa hayapo. Kati ya magofu hayo wakulima wamekuwa wakipanda tumbaku. (Habari ya kuvuta tuiache kwa leo.) Tuliguse jani lake moja: lina vinyweleo, lanata kidoleni. Likichumwa litanyauka upesi. Lakini sasa hivi, ndugu, lina maji ndani yake.