Sura ya 6: Shamba Chini ya Waya

Kakontwe, pembeni mwa Likasi nchini Kongo, inajulikana kwa mawe yake ya chokaa. Lakini eneo zima la Likasi limeishi na umeme mkubwa tangu 1930, bwawa la Mwadingusha kwenye mto Lufira lilipoanza kulisha viwanda vya shaba vya Union Minière. Bwawa la Koni likafuata 1950. Mwaka 1982 ikakamilika laini ya umeme kutoka mabwawa ya Inga hadi Kolwezi, kilomita zipatazo 1,700. Migodi ndiyo iliyotangulizwa. Wakulima wengi waliolima karibu na nyaya waliendelea kupikia makaa. Kwa hiyo anayedai fidia ya shamba lililopitiwa na nyaya hapa haombi hisani.

Anadai nini hasa? Nguzo peke yake ndiyo inayokalia udongo. Kinachobaki ni mkuza, yaani ukanda ulio chini ya nyaya na kandokando yake. Kwa mfano, nchini Kenya, mkuza wa laini ya kilovolti 220 kwa kawaida una upana wa mita 40. Chukua shamba la hekta moja, mita 100 kwa 100. Laini ikilikata katikati, mita za mraba 4,000 zinaingia kwenye masharti. Mahindi, maharage na karanga hulimika. Nyumba haijengwi, wala miti mirefu haipandwi.

Hapo ndipo mkulima anapopunjwa. Mahindi yaliyopandwa Novemba yakikanyagwa na mafundi, hasara ni ya msimu mmoja. Mwaka unaofuata atapanda tena. Mwembe unaozaa ukikatwa, hasara ni nyingine kabisa. Mche mpya utakaa miaka kadhaa bila tunda, na palepale hauruhusiwi. Anayelipa bei ya mche amelipa kijiti, hajalipa mavuno ya miaka hiyo. Na ile nyumba ambayo watoto wangejenga hapo, nani ameihesabu? Katazo ni la kudumu, kwa hiyo malipo ya mazao peke yake ni dhuluma hata yakitolewa kwa risiti.

Sheria ya Kongo ya tarehe 20 Julai 1973 inasema ardhi ni mali ya Serikali, na haki za wanaolima kwa mila zingepangwa na amri ya rais. Kwa miongo kadhaa amri hiyo ilibaki ahadi. Wengi vijijini hawana hati ya usajili, na wakati wa fidia huambiwa hivyo mbele ya watu. Lakini Katiba ya 2006, ibara ya 34, inalinda mali iliyopatikana kwa sheria au kwa mila, na inataka anayenyang'anywa kwa faida ya umma alipwe fidia ya haki, tena kabla. Neno hilo la mwisho lina uzito. Huko Kenya, mitambo ya upepo ya Turkana ilikuwa tayari 2017, lakini laini ya kilomita 428 kutoka Loiyangalani hadi Suswa ilichelewa hadi 2018, na migogoro ya mkuza ilikuwa miongoni mwa sababu. Serikali ikalipia umeme usiofika kwa mtu.

Kwa hiyo wapimaji wakija, usitie sahihi siku hiyohiyo. Hesabu miti yako mmoja mmoja pamoja na majirani na chifu, ipige picha, andika umri wake, na udai nakala ya fomu katika lugha unayoisoma.