Kopi ya Mwisho Huwa Ugenini

Mwaka 1903, huko Kolkata, Hiralal Sen alielekeza kamera kwenye igizo la Classic Theatre akapiga filamu ya Ali Baba na wezi wake 40, hadithi tunayoijua vyema hata huku kwetu. Leo hakuna awezaye kuitazama. Mwaka 1917, muda mfupi kabla ya Sen kufariki, ghala lililotunza filamu zake liliteketea.

Ajali kama hiyo haikuwa kioja. Mikanda ya zama zile ilitengenezwa kwa nitrati ya selulosi, ambayo ikishika moto hujizalishia oksijeni yenyewe, hivyo huwaka hata chini ya maji. Ukanda ulionusurika moto nao huoza: hugeuka kahawia, hunata, mwisho huwa vumbi, na joto huharakisha hali hiyo. Kisha filamu za sauti ziliingia India mwaka 1931, na zile bubu zikakosa soko. Nyingi zilichakatwa ili kupata madini ya fedha yaliyomo. Zilitengenezwa zaidi ya 1,000, lakini zilizosalia, hata kwa vipande, hazifiki 30.

Zilizopotea kwao mara nyingi huibukia kwa wengine. Ukanda ulizungushwa mji hadi mji, na ulipofika kituo cha mwisho ulikuwa umechakaa kiasi cha kutostahili nauli ya kurudi. Ndiyo maana mwaka 1978 mamia ya mikanda ilifukuliwa Dawson City, Kanada. Sehemu ya Bilwamangal, filamu ya Kolkata ya 1919, ilihifadhiwa Paris.

Nasi wa Afrika Mashariki tulikuwa kwenye njia hiyo. Zanzibar ilipata jumba la Royal mwaka 1921, na kwa miongo mingi filamu za India zilionyeshwa huko, Mombasa na Nairobi. Huenda baadhi ya mikanda hiyo ilibaki huku. Basi nyumba kongwe za Parklands na Westlands, Nairobi, zinazobomolewa kupisha maghorofa zipekuliwe kabla ya tingatinga kufika.

Ukikuta mkebe, usiukunjue ukanda wala kuutia kwenye projekta. Filamu za familia za milimita 8 si za nitrati. Zikinuka siki, zinaoza na zinahitaji kunakiliwa upesi. Ukanda wa milimita 35 wa kabla ya miaka ya 1950 uchukulie kuwa hatari: uepushe na jua, jiko na sigara, kisha uulize wataalamu wa Nyaraka za Kitaifa za Kenya, Moi Avenue, Nairobi. Andika pia ulikuwa wa nani na ulipatikana wapi. Mikanda mingi imepoteza kipande cha mwanzo chenye jina la filamu, na maelezo hayo ndiyo humwezesha mtafiti kuitambua.