Kigawo Kikubwa cha Shirika: Hesabu ya Kugawa Futari, Sakafu na Kiwanja

Inapokaribia Ramadhani, waumini huanza kuleta sadaka ya vyakula misikitini, na kamati hujikuta ina ghala dogo na mizani moja. Tuchukulie kwamba zimekusanyika kilo 168 za mchele, kilo 120 za sukari na kilo 72 za maharage. Kwa mazoea, vijana wa kujitolea hushika kopo wakaanza kuchota. Familia iliyowahi hupata kopo lenye kilele, na bibi mjane aliyefika baada ya Alasiri hupata lililofutwa kwa kiganja. Hakuna aliyekusudia dhuluma, lakini upungufu umekwisha kutokea, nasi twafahamu kwamba Qur'ani ina sura nzima, ya 83, yenye jina la wanaopunja vipimo.

Dawa yake imo katika daftari la mtoto wa shule ya msingi. Huitwa Kigawo Kikubwa cha Shirika, kwa kifupi KKS, yaani namba kubwa kuliko zote inayogawa namba mbili au zaidi bila kubakiza. Wengi waliisoma kwa ajili ya mtihani, kisha wakaiacha darasani.

Shuleni hufundishwa kuitafuta kwa kuvunja kila namba katika vigawo vyake tasa. Sisi twapendelea njia ya kale zaidi, kwa kuwa haina kubahatisha. Gawa namba kubwa kwa ndogo, kisha ile ndogo uigawe kwa baki, uendelee hivyo hadi baki litoweke. 168 kwa 120 hubaki 48. 120 kwa 48 hubaki 24. 48 kwa 24 haibaki kitu. Basi KKS ya mchele na sukari ni 24, na kwa kuwa 72 nayo hugawanyika kwa 24, jibu halibadiliki hata maharage yakiingia. Vifurushi ni 24, kila kimoja kikiwa na mchele kilo 7, sukari kilo 5 na maharage kilo 3, na magunia yanabaki matupu.

Njia hii imo katika kitabu cha saba cha Elementi za Euclid, aliyeandika kwa Kigiriki yapata miaka 300 kabla ya Nabii Isa. Al-Hajjaj ibn Yusuf ibn Matar alizifasiri kwa Kiarabu zama za Khalifa Harun al-Rashid. Baadaye Ishaq ibn Hunayn akazifasiri upya, na Thabit ibn Qurra akaisahihisha kazi yake. Wanavyuoni wale hawakuona haya kujifunza hesabu kwa Mgiriki.

Lakini je, ikiwa orodha ya wahitaji ina kaya 31? Vifurushi 24 havitoshi, na hapa wengi hukata tamaa wakarudi kwenye kopo. Wasirudi. KKS hufuata kipimo tulichohesabia. Tukihesabu kwa robo kilo badala ya kilo nzima, tunapata robo 672 za mchele, 480 za sukari na 288 za maharage, na KKS yake ni 96. Namba yoyote inayogawa 96 yafaa kuwa idadi ya vifurushi, na miongoni mwake imo 32. Kila kifurushi kitakuwa na mchele kilo 5 na robo, sukari kilo 3 na robo tatu, na maharage kilo 2 na robo. Kaya 31 zimepata sawasawa, na kifurushi kimoja kinabaki kwa msafiri au jirani atakayebisha hodi bila kuwamo katika orodha. Kamati ikiona kwamba kaya yenye watoto wengi ihesabiwe mara mbili, na iamue hivyo kabla ya kupima, si wakati watu wamekwisha kupanga foleni.

Kwa sakafu maelezo ni mafupi. Chumba cha madrasa chenye urefu wa sentimita 945 na upana wa 675 kina KKS ya 135. Marumaru ya sentimita 135 haipatikani dukani, lakini 45 inagawa 135, hivyo marumaru za 45 kwa 45 zitaingia 21 kwa 15, jumla 315, bila kukatwa hata moja. Za 60 zitakatwa ukutani. Fundi atakumbusha habari ya mianya ya saruji, na ana haki.

Mahali ambapo hesabu hii ina uzito mkubwa zaidi ni mirathi. Wanafunzi wa faraidhi huijua kwa majina mengine: namba mbili zikiwa sawa ni tamathul, moja ikiigawa nyingine ni tadakhul, zikiwa na kigawo cha shirika ni tawafuq, na zisipokuwa nacho zaidi ya moja ni tabayun. Tuseme marehemu, baada ya madeni na wasia kutolewa, ameacha baba, mama, wavulana wawili na wasichana wawili. Asili ya mas-ala ni 6: baba 1, mama 1, watoto 4. Kwa kuwa mvulana huhesabiwa vichwa viwili, vichwa vya watoto ni 6, na 4 haigawanyiki kwa 6. KKS ya 4 na 6 ni 2. Vichwa 6 kwa 2 ni 3, na 3 mara 6 ni 18. Baba 3, mama 3, kila mvulana 4, kila msichana 2.

Kiwanja chao kikiwa cha mstatili, chenye mita 90 upande wa barabarani, kila fungu ni mita 5. Asiyetumia KKS angezidisha 6 kwa 6 akapata mafungu 36 ya mita mbili na nusu. Ni sahihi, ila kazi ni maradufu, na mbele ya ndugu wanaotiliana shaka kila nusu mita huzua maneno. Kwa 18, futi kamba ikianzia pembeni, vigingi husimama kwenye mita ya 15, 30, 50, 70, 80 na 90.