Usiitengeneze Diski Kabla ya Kuinakili

"Fundi, programu gani kali ya kurudisha faili?" Swali hili hunifikia kila shule zinapofunga, kila msimu wa harusi, na kila umeme unapopotea hapa Olenguruone na kurudi kwa nguvu kuliko ulivyoondoka. Anayeuliza huwa ameshajaribu mengi. Flashi imechomekwa na kuchomolewa, Windows imeambiwa itafute makosa na kuyarekebisha, kijana wa saiba ameifomati "ili ifunguke kwanza", na sasa natakiwa nitaje programu nyingine ya kupakua. Sitaitaja. Swali lenyewe limekosewa, na watu wanaendelea kupoteza alama za mitihani, hesabu za vyama na picha za marehemu wazazi wao kwa sababu ya kuliuliza.

Swali la kuuliza ni hili: taswira ya diski imeshachukuliwa? Taswira ni faili moja kubwa iliyobeba kila baiti ya diski, kuanzia sekta ya kwanza hadi ya mwisho, pamoja na zile sehemu ambazo Windows inadai ni tupu. Kunakili folda na kuzibandika kwingine si kuchukua taswira. Ukinakili folda unapata tu faili ambazo mfumo bado unaziona. Zilizofutwa, na zile ambazo orodha yake imeharibika, zinabaki nyuma, na ndizo unazozitafuta.

Imani inayoleta maafa makubwa kuliko zote ni kwamba diski ikiomba kufomatiwa, uikubalie, kisha urudishe vitu baadaye. Naijua ilikotoka. Flashi nyingi hutumia mpangilio wa FAT, na faili ikifutwa kwenye FAT, herufi ya kwanza ya jina lake hubadilishwa kuwa alama ya kufutwa na mnyororo wake kwenye jedwali hufutwa, lakini yaliyomo hubaki palepale hadi kitu kingine kiandikwe juu yake. Kwa hiyo mtu aliwahi kufomati, akarudisha picha zake, akawaambia wenzake kwamba kufomati hakuna madhara. Hakuona alichopoteza. Fomati ya haraka huandika jedwali jipya juu ya lile la zamani, na jedwali hilo ndilo lililokuwa linasema kipande hiki cha video kinafuatwa na kipande kipi. Faili iliyokaa sehemu moja itapatikana. Iliyotawanyika itarudi ikiwa vipande visivyojua jirani yake ni nani, na video ndefu, ambazo ndizo watu huzililia, ndizo hutawanyika sana.

Hiyo ni fomati ya haraka. Ondoa ile alama kwenye kisanduku chake uone. Tangu Windows Vista, iliyoingia sokoni 2007, fomati kamili huandika sifuri kwenye sehemu nzima. Baada ya hapo hakuna fundi wa Nakuru, wa Nairobi wala wa ng'ambo atakayekurudishia kitu, maana hakuna kilichobaki cha kurudisha. Na kama laptopu yako inatumia diski ya SSD, hata fomati ya haraka kwa kawaida huiambia diski kwamba nafasi yote sasa ni huru, nayo hujisafisha yenyewe kimyakimya. Fikiria mwanafunzi aliyerekodi nyanya yake akisimulia jinsi familia zilivyofukuzwa Olenguruone mwaka 1949 na 1950 na kupelekwa Yatta. Rekodi hiyo ikipigwa sifuri, nyanya naye akiwa ameshazikwa, programu kali itafanya nini?

Ndugu wa imani hiyo ni CHKDSK, kile chombo cha Windows cha kukagua diski. Watu hukiona kama dawa. Kazi yake ni kuufanya mpangilio wa faili usijipinge wenyewe ili Windows iendelee kuutumia. Kuokoa barua yako au video yako hakumo katika kazi hiyo. Kikikuta maelezo mawili yanayopingana, hukata moja. Kikikuta vipande visivyo na mwenyewe, huvikusanya kwenye folda iitwayo FOUND.000 na kuvipa majina kama FILE0000.CHK, na jina ulilolijua limekwenda. Yote haya hufanyika kwenye diski yenyewe, papo hapo, bila njia ya kurudi nyuma. Kama diski inakufa kimwili, kuilazimisha kusoma sekta mbovu tena na tena ni kuiharakishia kifo. CHKDSK ni chombo kizuri kwa diski nzima ambayo nakala yake iko salama kwingine. Kwa diski mgonjwa iliyobeba nakala pekee ni hatari, na kijana wa saiba anayekibonyeza bila kuuliza anacheza na mali ya mtu.

Kuhusu kuiweka diski kwenye friza ili iliyokwama izunguke tena, nasema mara moja. Diski iliyotolewa kwenye baridi kali na kuingizwa kwenye chumba chenye joto huvuta unyevu, na unyevu huo hutua juu ya sahani zinazosomwa. Flashi haina kinachozunguka ndani, kwa hiyo hata hiyo sababu ya kubahatisha haipo. Acheni.

Ukishapata taswira, diski ya asili inawekwa pembeni na haiguswi tena. Ukikosea, unakosea kwenye nakala, unaitupa, unaanza upya. Hapa ndipo zinapoingia maktaba za programu, yaani misimbo iliyoandikwa tayari ambayo programu nyingine huita zikitaka kusoma taswira bila kuiandika. Sleuth Kit ya Brian Carrier, iliyotokana na kazi ya awali ya Dan Farmer na Wietse Venema, husoma FAT, NTFS, ext4 na mingineyo moja kwa moja, na huonyesha hata majina ya faili zilizofutwa. Maktaba ya libewf, ya Joachim Metz, hufungua taswira za aina ya E01 ambazo wapelelezi wengi hutumia. Aina hiyo hubana data kwa mafungu na kuliwekea kila fungu namba ya ukaguzi, hivyo uharibifu ukitokea unajulikana uko wapi. Programu nyingi za kulipia zenye matangazo makubwa hazikupi zaidi ya zinachokupa hizi bure.

Nyie mnaosomea kompyuta Njoro na Nakuru mna kosa lenu, nalo linaniudhi zaidi kwa sababu mngepaswa kujua. Mnasema: "Nimeifungua taswira kwenye Linux kwa kusoma tu, haikubadilika." Si lazima iwe hivyo. Mpangilio wa ext4 ambao haukufungwa vizuri, tuseme umeme ulikatika, hucheza tena shajara yake unapofunguliwa, hata ukiomba kusoma tu, isipokuwa umeuzuia waziwazi kwa chaguo la noload au kifaa chenyewe kimefungwa kisiandikwe. Taswira yako imebadilika na hukupata taarifa. Isitoshe, taswira iliyotoka kwa mtu usiyemjua inaweza kutengenezwa makusudi ili kuiangusha kerneli ya kompyuta yako. Ndiyo maana Richard Jones wa Red Hat alianzisha libguestfs mwaka 2009: hufungulia taswira ndani ya kompyuta pepe ndogo yenye kerneli yake. Kikiharibika kitu, kinaharibikia humo. Ukiifungua kwa --ro, maandishi yoyote yanakwenda kwenye tabaka la muda na taswira yako inabaki ilivyokuwa.

Tena mwache kubadilisha mkia wa jina. Kubadilisha jina la faili kutoka .img kuwa .iso hakuigeuzi. ISO halisi ina alama CD001 kuanzia baiti ya 32,769. Taswira ya qcow2 huanza na herufi QFI. VHD ina baiti 512 za mwisho zinazoanza na neno conectix. Programu iliyoandikwa vizuri husoma alama hizo na hupuuza jina. Kugeuza ni kazi ya qemu-img, na huchukua amri moja. Na mkilalamika kwamba taswira haifunguki, tazameni kwanza sehemu (partition) ya kwanza inaanzia wapi: mara nyingi ni sekta ya 2048, yaani baiti 1,048,576 kutoka mwanzo. Amri ya mmls ya Sleuth Kit itawaonyesha.

Mahakamani jambo hili lina uzito wake. Kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi ya Kenya kinaweka masharti ya kupokea rekodi za kielektroniki, pamoja na cheti kinachoeleza zilivyotolewa. Katika kesi ya urais ya 2022, amri ya Mahakama ya Juu ya Agosti 30 iligusa seva za kituo cha kitaifa cha kujumlisha kura zilizochukuliwa taswira kwa njia ya kitaalamu. Mwenye duka aliyeibiwa, ambaye kamera yake imenasa mwizi, anapaswa kuwa na uangalifu uleule: asiichezee diski ya mashine ya kamera kuonyesha majirani.

Sasa la kufanya. Chomoa diski. Tafuta diski nyingine iliyo kubwa kuliko hiyo. Washa kompyuta kwa Linux kutoka kwenye flashi nyingine, usiwashe Windows iliyomo, kisha chomeka diski zote mbili. Kwa lsblk, hakikisha mgonjwa ni yupi na mpokeaji ni yupi, maana ukizibadilisha utaandika juu ya unachotaka kuokoa. Ukiwa ndani ya folda ya diski inayopokea, andika: ddrescue -d /dev/sdb mgonjwa.img mgonjwa.map, ukiweka jina la diski yako mahali pa sdb. GNU ddrescue, ya Antonio Díaz Díaz, huchukua kwanza sehemu nzima kisha hurudi kwenye mbovu, na ile faili ya ramani hukumbuka ilipofika. Umeme ukikatika, rudia amri ileile itaendelea ilipoachia. Kwa mtu wa Olenguruone hiyo pekee inatosha kuichagua. Ikimaliza, toa alama ya SHA-256 uiandike, nakili taswira, fanyia kazi nakala. Sehemu ya diski imepotea, TestDisk. Picha na video tu, PhotoRec, ukijua majina hayatarudi. Kuchungulia haraka ndani ya Windows, 7-Zip hufungua aina nyingi za taswira. Flashi mpya inayodai ukubwa mkubwa kwa bei ndogo, ipime kwa F3 kabla ya kuiamini, kwa sababu bandia zimejaa sokoni na zilichomeza hazikitunzi. Diski inayogonga kwa sauti usiiwashe hata mara moja zaidi. Hiyo ni ya fundi mwenye vifaa vya kuifungua. Simu za siku hizi hufunga hifadhi yake kwa usimbaji, hivyo taswira haisaidii kwa kilichofutwa; hapo tegemeo ni nakala uliyoweka mapema.

Na kama haya yote ni mazito kwako, hakuna aibu. Ilete diski kama ilivyo, bila kuifomati, bila kuikagua, pamoja na diski tupu iliyo kubwa kuliko hiyo.