CHEMIROCHA: WASICHANA WA KAPKATET NA MWIMBAJI WA MAREKANI

Ukimwuliza kijana wa siku hizi ni kundi gani la kwetu Kericho ambalo sauti yake imefika mbali zaidi, atakuna kichwa. Mimi nalitaja kundi ambalo halikuwa na gitaa wala meneja, na ambalo maisha yake mbele ya kipaza sauti hayakufika dakika mbili.

Mwaka 1950 Hugh Tracey, Mwingereza aliyekuwa akizunguka Afrika na mitambo ya kunasa sauti, alifika Kapkatet, pale kati ya Litein na Sotik. Wasichana wa Kikipsigis wakiongozwa na Chemutoi Ketienya walimwimbia wimbo uitwao Chemirocha, huku chepkong' ikipigwa. (Chepkong' ni ala ya nyuzi, ndugu ya nyatiti ya Wajaluo na obokano ya Wakisii.) Wanaume nao walikuwa na Chemirocha zao mbili, ndiyo maana huu wa wasichana huitwa wa tatu.

Sasa, huyu Chemirocha ni nani? Ni Jimmie Rodgers! Hebu litamkeni jina hilo haraka haraka mtaona. Jamaa huyu alizaliwa mwaka 1897 huko Mississippi, Marekani, akafanya kazi ya breki kwenye gari moshi, kisha kifua kikuu kikamtoa relini. Alianza kurekodi mwaka 1927. Alipiga gitaa na kuirusha sauti ghafla kutoka nzito hadi nyembamba, na sahani zake za santuri zikauzwa kama njugu. Alifariki mwaka 1933, akiwa na umri wa miaka 35 tu. Wamarekani humwita baba wa muziki wa kantri, na mwaka 1986 wenye muziki wa roki nao walimwingiza katika jumba lao la heshima kama mmoja wa waliowatangulia.

Santuri zake zilifika hadi huku pamoja na Wazungu. Basi fikirini: sanduku linaimba, mwimbaji haonekani, na sauti yenyewe inaruka kama swara. Wimbo wa wasichana unamfanya Chemirocha awe nusu mtu nusu swara, kisha unamhimiza acheze nao kwa nguvu mpaka suruali imvuke!

Wapo walioandika eti wasichana hawa walimfanya mungu. Mimi sikubali. Kwani nani humwimbia mungu wake habari za kuvuliwa suruali? Huo ni utani mtupu, na wa hali ya juu. Wasichana wa Kapkatet walimchukua nyota wa ng'ambo, wakampa jina linalokaa vizuri kinywani pamoja na akina Cheruiyot na Chepkoech, wakamwingiza uwanjani acheze ngoma yao. Hawakumwiga hata kidogo.

Linalonikera ni hili. Wimbo ulikwenda Afrika Kusini, ukahifadhiwa katika maktaba ya muziki wa Kiafrika ambayo Tracey aliianzisha mwaka 1954, na ambayo sasa iko katika Chuo Kikuu cha Rhodes. Ukatolewa kwenye santuri, watu wa Ulaya na Marekani wakaupenda mno. Lakini juu ya kazi hiyo limeandikwa jina la Chemutoi peke yake. Wenzake wameandikwa "wasichana wa Kikipsigis", basi! Kama vile timu nzima ya mpira iitwe "wavulana".

Mwaka 2014 watu wa maktaba hiyo, pamoja na Tabu Osusa wa Ketebul Music ya Nairobi, walizirudisha nyimbo zile Kericho na Bomet, wakawatafuta waliorekodiwa na jamaa zao. Ilikuwa imepita miaka 64.

Msichana aliyekuwa na miaka 15 siku ile amekwisha kuvuka 85. Kwa hiyo, wenzangu mnaotoka Kapkatet, Litein na Sotik, likizo hii mkifika nyumbani waulizeni nyanya zenu kama walipata kumsikia Chemirocha, na walikuwa na nani. Mkipata jina hata moja, lileteni chamani tuliandike.